Lita tano za haidrojeni zina chaji kiasi gani?

Swali: Shikamoo mwalimu. Nasoma kidato cha sita, PCM (Fizikia, Kemia na Hisabati), hapa Dodoma mjini. Tumepewa swali: tafuta jumla ya chaji chanya iliyomo katika lita 5 za gesi ya haidrojeni. Niligawanya 5 kwa 22.4, nikazidisha kwa namba ya Avogadro na chaji ya protoni, nikapata kama kulombu 21,500 (kulombu ni kipimo cha chaji). Mwenzangu anashikilia kuwa jibu ni sifuri, kwa sababu gesi haina chaji. Nani kapatia? Na kama chaji ni nyingi hivyo, mbona mtungi wa gesi hautupigi shoti?

Jibu: Marahaba. Mwenzako kajibu swali ambalo hamkuulizwa. Ukijumlisha chanya na hasi kwa pamoja, ni sifuri kweli. Lakini nyie mmeulizwa chanya peke yake, maana yake protoni tu, na protoni zimo humo zimejaa tele.

Wewe njia umeipata, ila umesahau kuzidisha kwa mbili. Molekuli ya haidrojeni ina atomu mbili, na kila atomu ina protoni moja. Kwa hiyo moli moja, yaani molekuli 6.02 × 10²³ (ndiyo namba ya Avogadro), inabeba 2 × 6.02 × 10²³ × 1.6 × 10⁻¹⁹, yaani kama kulombu 193,000. Lita zako 5 ni moli 0.223, jibu linakuwa kulombu 43,000 hivi. Heliamu ingekupa jibu lilelile: ina atomu moja tu, lakini yenye protoni mbili.

Sasa hiyo 22.4. Wanafunzi wanaikariri kama namba ya simu, wakati ni ujazo wa moli moja kwenye nyuzi sifuri za Selsiasi na kanieneo ya kilopaskali 101.3. Dodoma tuko kama mita 1,100 juu ya usawa wa bahari. Kanieneo ya hewa hapa ni takribani kilopaskali 89, na joto la nyuzi 25 ni la kawaida kabisa. Tumia kanuni ya gesi, PV = nRT (kanieneo × ujazo = moli × R, namba isiyobadilika ya gesi, × joto), joto liwe kelvini 298: moli moja inachukua karibu lita 27.8. Lita 5 mkizikusanya kwenye maabara yenu zitakuwa na moli 0.18 tu, na chaji chanya ni kama kulombu 34,700. Pungufu kwa karibu asilimia 20, na si jambo la kupuuza. (Kama mmeikusanya juu ya maji, ondoa kwanza kanieneo ya mvuke wa maji.)

Ukitaka kujua ukubwa wa namba hizi, chukua lita 5 za hewa ya darasani. Nitrojeni ina protoni 14 kwa molekuli, oksijeni 16. Wastani wa hewa ni kama 14.4. Unapata kulombu 250,000. Betri ya sola ya N70 (ya ampia-saa 70) iliyojaa ina 70 × 3,600, yaani kulombu 252,000! Tofauti ni kwamba betri inazisukuma chaji zizunguke kwenye waya, wakati kwenye hewa kila elektroni imeshikwa na kiini chake.

Hapo ndipo lilipo jibu la shoti. Shoti inatokea chaji zikitiririka kupita mwilini, na ili zitiririke lazima kwanza chanya na hasi zitenganishwe. Kuzitenganisha zote si kazi ndogo. Tuseme protoni za zile lita 5 za haidrojeni umeziacha Dodoma, elektroni zake ukazipeleka Morogoro, kilomita kama 220 kwa mstari ulionyooka. Weka kwenye kanuni ya Coulomb: 9 × 10⁹ × (34,700)² gawanya kwa (220,000)². Kani inatoka niutoni milioni 224, sawa na uzito wa zaidi ya tani 22,000. Kwa umbali wote huo! Ndiyo maana gesi inabaki haina chaji ya ziada hata ukiutikisa mtungi namna gani.

Kwenye mtihani, wakiandika STP (ndiyo ile hali ya nyuzi sifuri na kilopaskali 101.3), tumia 22.4 bila kusita. Wakitoa joto na kanieneo, anza na PV = nRT. Wasipotoa chochote, andika mwenyewe hali uliyoichukulia kabla hujaanza kukokotoa, ili msahihishaji ajue 43,000 yako imetoka wapi.