Uhakiki huanzia wapi? Majibu kwa wasomaji wa Unguja na Pemba

SWALI: Mwalimu, assalamu alaykum. Mimi ni mwanafunzi wa mwaka wa tatu, mwenyeji wa Chake Chake, na ninaandika tasnifu fupi kuhusu riwaya ya Adam Shafi, Vuta N'kuvute. Msimamizi wangu amenirejeshea sura ya kwanza mara mbili, na pembeni ameandika maneno mawili tu: "Umesimulia hadithi." Nimeigawa kazi yangu kwa dhamira, wahusika, mandhari na mtindo, kama tulivyofundishwa skuli. Kosa langu liko wapi?

JIBU: Waalaykumu ssalaam, mwanangu. Migawanyo uliyoitumia haina ubaya kwa kuwa ni masanduku ya kupangia vitu, lakini sanduku halimwambii mtu kitu kilichomo kina thamani gani. Nimesoma kurasa ulizoniletea. Umeandika kwamba Yasmin, binti wa Kihindi, aliozwa Bwana Raza aliyemzidi umri kwa mbali, akamkimbia, kisha akapendana na Denge, kijana anayepambana na serikali ya kikoloni. Yote hayo ni kweli, na kila aliyeisoma riwaya hiyo tangu ilipotoka mwaka 1999 anayajua. Msimamizi wako anataka umwambie jambo ambalo msomaji amelipita bila ya kuliona, ingawa lilikuwa mbele ya macho yake.

Chukua mwanzo wenyewe wa riwaya, ambapo uso wa Yasmin unafananishwa na tungule. Mtu wa Bara angesema nyanya, na kwa sokoni tofauti hiyo ni ndogo, lakini kwa mhakiki ina uzito. Mwandishi anatuletea msichana ambaye jamaa zake wamemtenga na majirani Waswahili kwa desturi na kwa asili, na chombo cha kwanza anachokitumia kumchora ni neno la jikoni la Kiunguja, neno ambalo mama yeyote wa Ng'ambo, mtaa wa mjini Unguja, analitamka kila siku. Kwa usomaji wangu mimi, Yasmin ameshatiwa ndani ya lugha ya mtaa kabla ya yeye mwenyewe kuingia mtaani, kabla hajajenga usuhuba na Mwajuma, mwanamke wa mtaani, na kabla hajamjua Denge. Unaweza kunipinga, ukasema kwamba tashbihi hiyo ni ya kawaida tu na kwamba ninaibebesha mzigo usio wake. Basi nipinge kwa kunionesha tashbihi nyingine za riwaya hiyo hiyo zinazoelekea kwengine, na hapo utakuwa umeshaanza kuhakiki.

Kisha litazame jina la kitabu, ambalo naona wanafunzi wengi hulifasiri kwa neno moja, "mvutano", wakaendelea na safari. Jina hilo ni kauli mbili zilizofungwa pamoja. "Vuta" ni amri kwa mtu aliye mbele yangu, na "n'kuvute" ni mimi nikimjibu, tena kwa ule mkato wa ulimini ambapo "ni" inabaki "n" peke yake. Katika kauli hiyo hakuna anayevutwa tu, kwa sababu kila upande una kamba mkononi. Wewe umeandika mara tatu kwamba Yasmin ni mwathirika wa ndoa ya kulazimishwa. Jina la riwaya linakuuliza: je, naye havuti? Alipotoka nyumbani kwa mume, alipokubali kupoteza jamaa zake, alipoingia katika hatari za Denge ilhali anaweza kukaa kando, ni nani aliyekuwa akivuta? Ukilijibu swali hilo kwa vifungu vya riwaya yenyewe, sura yako ya kwanza itaandikika upya, na yale masanduku yako manne yatapata kitu cha kubeba.

Jambo moja zaidi kuhusu historia, maana naona umeitumia riwaya kuthibitisha hali ya Unguja ya miaka ya 1950. Hapo jihadhari. Mwandishi huyo huyo, katika Kuli ya mwaka 1979, ameujengea hadithi mgomo wa makuli, wapakizi wa bandarini, wa mwaka 1948, na mgomo huo ulitokea kweli, lakini Rashidi, mhusika wake mkuu, ni kiumbe cha kalamu. Mwanahistoria atauliza mgomo ulikwendaje, na mhakiki atauliza kwa nini tunaoneshwa mgomo kupitia kijana ambaye mwanzoni haelewi kwa nini anadhulumiwa. Ukiyachanganya maswali haya mawili, riwaya itageuka shahidi dhaifu na sanaa yake itapotea.

SWALI: Mimi ni mtu wa Mkokotoni, na marehemu babu yangu alikuwa baharia na mtunzi. Wamekuja vijana wa chuo kikuu, wamelisoma shairi lake moja la bahari, wakasema linaisema serikali. Sisi tulijua ni shairi la bahari. Je, mhakiki ana haki ya kumtia mtunzi maneno mdomoni baada ya kufa kwake?

JIBU: Haki hiyo hana, ndugu yangu, na uchungu wako naufahamu. Lakini pia sikubali kwamba shairi la bahari, kwa watu wa visiwa hivi, ni la bahari peke yake. Sisi tumelelewa kwa mafumbo. Mtu wa pwani akisema chombo kinakwenda mrama, msikilizaji hutazama baharini kwanza, kisha akatazama nyumbani kwake. Kinachohitajika ni ushahidi utoke ndani ya shairi.

Nitatoa mfano wa mshororo niliouunda mwenyewe kwa ajili ya jibu hili: "Ngalawa inapakia, na kusi imeshaanza." Mtu asiyejua pepo ataona habari ya safari. Anayejua kwamba kaskazi huvuma takriban kuanzia Disemba hadi Machi, na kwamba kusi inayofuata huchafua bahari, hasa kiasi cha Juni na Julai, atashituka, kwa sababu ngalawa ni chombo kidogo na msimu si wa kukipakia. Hadi hapo shairi ni onyo, na hilo halina ubishi. Kudai kwamba onyo ni kwa watawala ni hatua ya pili, na hatua hiyo haifai kuchukuliwa mpaka beti zinazofuata ziipe njia: nahodha ametajwa vipi, abiria wamenyamaza au wamelalama, nani aliyeamuru kupakia. Ikiwa beti hizo hazisemi kitu, mhakiki naye asiseme.

Waulize vijana hao swali moja tu: je, wanayajua maneno ya shairi? Haji Gora Haji, mtunzi aliyezaliwa Tumbatu mwaka 1933 na kufariki 2021, aliyekuwa mvuvi na baharia kabla ya diwani yake ya Kimbunga kuchapishwa mwaka 1994, alitunga pia Kamusi ya Kitumbatu, iliyotolewa na Baraza la Kiswahili la Zanzibar mwaka 2006. Nachukulia kamusi hiyo kuwa kitabu cha uhakiki kama vitabu vya nadharia, na pengine zaidi, kwa sababu nadharia haitakuambia neno la Kitumbatu lina maana gani. Na wewe, kama familia inayo daftari ya babu, iandikeni maana ya kila neno la chombo na la upepo maadamu wazee wanaoyajua wangali hai.

SWALI: Mwalimu, nimeisoma Peponi, tafsiri ya riwaya ya Abdulrazak Gurnah, nikaipenda mno. Dada yangu ananiambia hiyo si fasihi yetu kwa kuwa iliandikwa kwa Kiingereza. Naweza kuihakiki kwa Kiswahili? Msomaji wa Michenzani.

JIBU: Unaweza, bibi, na ninakusihi uifanye kazi hiyo. Dada yako ana haki kwa upande mmoja: Paradise, iliyotoka mwaka 1994, ni riwaya ya Kiingereza, hata kama mwandishi wake alizaliwa Zanzibar mwaka 1948. Lakini Peponi, aliyoitafsiri Ida Hadjivayanis na kuchapishwa mwaka 2022, mwaka mmoja baada ya mwandishi kupata Tuzo ya Nobel, ni kitabu cha Kiswahili, na maneno utakayoyapima ni ya Kiswahili.

Tena una jambo ambalo wahakiki wengi wa ng'ambo hulipata kwa kusoma kwenye maelezo, nawe umelipata chuo cha Kurani ukiwa mtoto. Kijana katika riwaya anaitwa Yusuf, na baba yake anamtoa kwa tajiri anayeitwa Aziz kwa sababu ya deni. Aliyeisoma Sura Yusuf, sura ya 12, hahitaji kuambiwa majina hayo yametoka wapi, na bibi wa nyumba ya tajiri anapomtamani kijana, atajua ni kisa gani kinachokumbushwa. Kazi yako ianzie pale kisa kinapokataa kufuata njia. Yusuf wa Kurani anauzwa, anafungwa, kisha anapewa madaraka na anakutanishwa na baba yake. Yusuf wa riwaya hakutanishwi na mtu. Mwishoni anaukimbilia msafara wa askari wanaoongozwa na Mjerumani. Iandike makala yako juu ya pengo hilo, kisha rudi kwenye jina la kitabu uulize pepo hiyo ilikuwa ya nani, ya kijana aliyeitumikia bustani au ya tajiri aliyeimiliki.