Maswali na majibu: Namba ya mgonjwa, namba ya ndugu anayemuuguza

Swali

Naandika tasnifu ya uzamili kuhusu maumivu ya saratani kwa wagonjwa waliolazwa. Wagonjwa 64 walitaja maumivu yao kwa mizani ya 0 hadi 10, na ndugu anayemuuguza kila mmoja akataja namba yake kuhusu mgonjwa huyohuyo. Wastani wa wagonjwa ni 5.1 (mkengeuko sanifu 2.6), wa ndugu ni 6.0 (mkengeuko sanifu 2.4). Mgawo wa uwiano wa Pearson, r = 0.78, p < 0.001. Je, naweza kuhitimisha kwamba mgonjwa asipoweza kusema, namba ya ndugu itumike badala yake? Msimamizi wangu anataka kappa (kipimo cha mwafaka wa makundi), mwenzangu anasema ICC (mgawo wa uwiano wa ndani ya jozi, kipimo cha mwafaka wa namba) ndiyo sahihi.
Muuguzi, Mbeya

Jibu

Hapana, kwa takwimu hizo huwezi, na hata ungeongeza wagonjwa jibu lisingebadilika. r inajibu swali jingine: mgonjwa anapotaja namba ya juu, je, ndugu yake naye hutaja ya juu? Haiulizi kama namba zenyewe zinalingana. Kama kila ndugu angeongeza 2 juu ya namba ya mgonjwa, 3 ikawa 5 na 6 ikawa 8, r ingekuwa 1 kamili ilhali hakuna jozi hata moja iliyolingana. Hiyo p nayo inakanusha tu dhana kwamba hakuna uhusiano wowote. Watu wawili wanamzungumzia mgonjwa mmoja. Nani alitarajia uhusiano uwe sifuri?

Fanya kazi na tofauti. Kwa kila jozi chukua namba ya ndugu, toa namba ya mgonjwa, na usibadilishe mpangilio huo popote kwenye tasnifu. Tofauti chanya itamaanisha ndugu ametaja zaidi. Kwa kuwa umetupa mikengeuko yote miwili pamoja na r, tunaweza kukadiria mtawanyiko wa tofauti hizo bila kuona faili lako: 2.6² + 2.4² − 2 × 0.78 × 2.6 × 2.4 = 2.79, na kipeuo chake cha pili ni 1.67. Huo ndio mkengeuko sanifu wa tofauti. Wastani wa tofauti ni 0.9. Mipaka ya mwafaka, ambayo takriban asilimia 95 ya tofauti hutarajiwa kuwa kati yake, kwa njia ya wanatakwimu Bland na Altman ya mwaka 1986, ni 0.9 ± 1.96 × 1.67, yaani kuanzia −2.4 hadi 4.2.

Hapo ndipo jibu lako lilipo. Ndugu akisema 7, mgonjwa mwenyewe angeweza kusema 3, na angeweza kusema 9. Kwa 3 wengi wangeendelea na dawa ileile. Kwa 9 ungemwita daktari sasa hivi. Namba moja inayobeba hali zote mbili haiwezi kuchukua nafasi ya nyingine, hata r ikiwa nzuri kiasi gani.

Mipaka hiyo nayo ni makadirio, kwa hiyo ipe kiwango chake cha uhakika. Kosa sanifu la kila mpaka ni takriban mkengeuko wa tofauti mara kipeuo cha 3/n. Kwa jozi 64 ni 1.67 × 0.217 = 0.36, nayo mara 1.96 ni 0.71, hivyo mpaka wa juu uko kati ya 3.5 na 4.9, na wa chini kati ya −3.1 na −1.7. Tasnifu nyingi huiacha hatua hii, na watahini wanaojua mambo huiulizia.

Kwenye grafu, mhimili wima ubebe tofauti na mhimili mlalo ubebe wastani wa namba mbili za jozi. Ukiweka namba ya mgonjwa peke yake kwenye mhimili mlalo utapata mteremko wa uongo: namba hiyo imo pia ndani ya tofauti, kwa hiyo wenye namba ndogo wataonekana wamezidishiwa na wenye kubwa wamepunguziwa hata pale ambapo hakuna jambo kama hilo. Pia namba zako ni nzima, hivyo nukta nyingi zitalaliana na jozi kumi zitaonekana kama moja. Tumia duara linalokua kadiri jozi zinavyoongezeka mahali hapo.

Kuna mtego mwingine unaotokana na mizani yenyewe. Mgonjwa akisema 10, ndugu hawezi kutaja zaidi. Akisema 0, hawezi kutaja pungufu. Tofauti hubanwa pembeni na kutanuka katikati, na kanuni ya 1.96 inadhani mtawanyiko ni uleule kote. Ukiona umbo la yai kwenye grafu, toa pia asilimia ya 2.5 na ya 97.5 ya tofauti zako halisi, na useme ni jozi ngapi zilizolingana kabisa, ngapi zilizo ndani ya 1, na ngapi ndani ya 2. Sentensi hiyo moja daktari wa wodi ataielewa kuliko jedwali zima.

Je, 2 ndiyo kikomo sahihi cha tofauti inayokubalika? Wengi huitumia kwa kuwa Farrar na wenzake, mwaka 2001, walionyesha kwamba kushuka kwa alama 2 hivi, au asilimia 30, ndiko wagonjwa wa maumivu sugu huita nafuu ya maana. Lakini kile ni kipimo cha mabadiliko ya mtu mmoja kati ya nyakati mbili, na wewe unapima tofauti ya watu wawili wakati mmoja. Kitumie, ukisema wazi kwamba umekiazima. Na kikomo chochote utakachochagua, kiandikwe kwenye pendekezo la utafiti kabla hujafungua data.

ICC au kappa?

Mwenzako yuko karibu zaidi na ukweli, ila asikuache uchague ICC yoyote tu. Kuna ya uwiano wa mpangilio, ambayo husamehe ndugu wote wakizidisha kwa kiasi kilekile, na kuna ya mwafaka kamili, ambayo haisamehi. Kwa takwimu zako ya kwanza ni 0.78 na ya pili ni 0.73. Pengo hilo dogo ndilo bei ya ile 0.9. Programu ya takwimu ya SPSS usipoigusa hukupa ya kwanza: kwenye menyu badilisha “Consistency” iwe “Absolute Agreement”, na kwenye matokeo soma mstari wa “Single Measures”. Mstari wa “Average Measures” unahusu wastani wa namba ya mgonjwa na ya ndugu, kitu ambacho hakuna mtu anayekitumia kitandani. Huwa unapendeza kwa sababu namba yake ni kubwa, na ndiyo maana huonekana kwenye tasnifu nyingi.

ICC pia hutegemea jinsi wagonjwa wako wanavyotofautiana. Wodi yenye mchanganyiko wa watu wa 0 na watu wa 10 itatoa ICC ya juu kuliko wodi ambayo wote wako kati ya 4 na 7, hata kama ndugu wanakosea kwa kiasi kilekile. Kwa hiyo usilinganishe ICC yako na ya utafiti mwingine kabla ya kulinganisha mikengeuko sanifu ya wagonjwa.

Kappa anayoitaka msimamizi ina kazi yake: pale uamuzi wa tiba unapofuata makundi. Mgawanyo unaotumika sana kwa maumivu ya saratani, wa Serlin na wenzake wa mwaka 1995, ni 1–4 madogo, 5–6 ya kati, 7–10 makali. Tumia kappa yenye uzito, maana kappa ya kawaida huhesabu kosa la “madogo” dhidi ya “makali” sawa na kosa la “madogo” dhidi ya “ya kati”. Ukichagua uzito wa miraba (kosa huhesabiwa kwa mraba wa umbali wake) utapata kitu kinachokaribiana sana na ICC ya mwafaka kamili ya makundi hayohayo, kwa hiyo hakuna ugomvi mkubwa baina ya msimamizi wako na mwenzako. Weka jedwali la makundi yenyewe kando yake. Kappa haisemi kosa limeelekea wapi. Jedwali linasema, na linakuonyesha moja kwa moja wagonjwa wangapi wenye maumivu makali ambao ndugu zao waliwaona wako sawa.

Usitumie jaribio la t la jozi kama ushahidi wa mwafaka. Nusu ya ndugu wakizidisha kwa 3 na nusu wakipunguza kwa 3, wastani wa tofauti unakuwa sifuri na t inasema hakuna shida.

Namba zilipatikanaje?

Hili hukuliandika, na lina uzito kuliko hesabu zote hapo juu.

Ndugu aliulizwa swali gani? “Wewe unaonaje maumivu yake?” na “Unadhani yeye mwenyewe angetaja namba gani?” ni maswali mawili tofauti. La kwanza linaleta mtazamo wa ndugu pamoja na wasiwasi wake. La pili linamtaka avae viatu vya mgonjwa. Ukiwa unatafuta mbadala wa mgonjwa, swali lako ni la pili. Kama wasaidizi wako wa utafiti walikuwa wakichanganya, sehemu ya ile 1.67 ni kelele za dodoso.

Muda nao: wote waulizwe kuhusu kipindi kimoja, “sasa hivi” au “makali kuliko yote katika saa 24 zilizopita”. Aliyelala wodini na mgonjwa anakumbuka usiku wa manane. Mgonjwa aliyekunywa mofini saa moja kabla anajibu kuhusu sasa. Waulize ndani ya dakika 15, kila mmoja peke yake, kabla ya dozi inayofuata na si mmoja kabla na mwingine baada. Ndugu akiwa amesikia namba ya mgonjwa, jozi hiyo itoe. Ataikariri tu, au mgonjwa ataipunguza ili asimtie ndugu hofu.

Kwa Kiswahili kuna jambo la ziada. Salamu zetu zina majibu yake tayari: mtu anayeumia sana bado atasema “sijambo” au “namshukuru Mungu”, na ukimwuliza namba pumzi ileile, ataendeleza adabu kwa kusema 2. Maliza salamu, kaa, eleza ncha za mizani (0 ni hakuna maumivu kabisa, 10 ni makali kabisa unayoweza kuyafikiria), kisha mjaribu kwa mifano miwili: kujikwaa kidole, na kuvunjika mguu. Akiupa mfano wa kidole 8 na wa mguu 3, mizani hajaielewa, na hilo si kosa lake. Mpe vidole vya mkono: ngumi ni 0, vidole vitano ni 5, kama inavyofanyika na APCA African POS, dodoso la huduma shufaa barani Afrika. Ila usizidishe mara mbili ili ilingane na mizani ya 10. Dodoso hilo huuliza kuhusu siku 3 zilizopita, kwa hiyo hata kipindi si kimoja. Chambua kundi hilo peke yake.

Na kama mhudumu mmoja alikadiria wagonjwa wengi (kwenye data yako sivyo, ila wapo watakaotaka kuiga mpango huu kwa manesi), jozi hazijitegemei tena. Hapo unahitaji modeli mchanganyiko yenye athari ya mhudumu, yaani inayozingatia kwamba kila mhudumu ana mwelekeo wake. Tarajia pia mwelekeo ugeuke: ndugu kwa kawaida huzidisha, wahudumu kwa kawaida hupunguza, na hupunguza zaidi maumivu yakiwa makali. Ukiwachanganya kwenye safu moja yenye jina “walezi”, makosa yao yatafutana na utapata wastani mzuri usio na maana. Ndugu huzidisha zaidi akiwa amechoka au na hofu, hivyo kipimo kifupi cha uchovu wake kwenye dodoso kingekusaidia kueleza jozi zilizo mbali. Mhudumu naye hutafuta jasho, mapigo ya moyo ya kasi, uso uliokunjamana. Maumivu ya miezi huwa hayaonyeshi tena dalili hizo.

Mgonjwa asiyeweza kusema

Wote 64 waliweza kujibu. Unaotaka kuwasaidia hawawezi. Makosa ya ndugu kwa mgonjwa anayezungumza naye kila siku huenda si makosa yaleyale kwa mgonjwa aliyepoteza fahamu, na data yako haina njia ya kulipima hilo. Liandike kama ukomo wa utafiti, na hitimisho lisilivuke.

Wodini, namba ya ndugu ichukuliwe kama kengele inayokulazimisha kwenda kumpima mgonjwa. Mwangalie akigeuzwa kitandani, si akiwa ametulia tu. Kwa mtu mzima mwenye shida ya akili ya uzeeni tumia PAINAD, mizani ya kutazama tabia za maumivu (vipengele 5, kila kimoja 0 hadi 2). Kwa mtoto mdogo FLACC, iliyo na muundo huohuo. Jumla zake zinafika 10 lakini zinahesabu tabia, kwa hiyo 6 ya PAINAD si 6 ya mgonjwa aliyesema. Tafuta kwanza sababu nyingine ya kuhangaika: kibofu kilichojaa, choo kigumu, kiu. Ukitoa dozi ya mofini ya maji, rudi baada ya saa moja hivi, angalia tabia zilezile, kasi ya pumzi na usingizi wake. Usipandishe dozi kwa sababu tu ndugu ametoka 7 kwenda 8.

Kwenye chati andika chanzo kando ya namba: “M 5” kwa mgonjwa, “N 7” kwa ndugu, “P 6” kwa PAINAD. Zikiwa kwenye mstari mmoja bila herufi, wa zamu ya usiku ataona maumivu yamepanda kutoka 5 hadi 7, kumbe aliyebadilika ni aliyeulizwa.