Sarveya wa mahakama kaja mimi sipo, sasa ripoti inanibana

SWALI: Habari za kazi dada, naomba unisaidie maana nimechanganyikiwa. Nina kesi ya madai na jirani, anasema ukuta wangu umeingia kwake. Hakimu akateua sarveya aje apime mpaka, bahati mbaya alikuja niko safarini, jirani ndo alikuwepo na ndo aliyemwonyesha kona. Ripoti inasema nimeingia kwake mita 1.4. Wakili wake ananiambia kesi imeisha hapo. Ni kweli? Halafu nimeambiwa nilipe nusu ya hela ya sarveya wakati sio mimi niliyemtaka. Msomaji wenu.

JIBU: Pole sana ndugu yangu. Kesi haijaisha, usikubali kutishwa. Sarveya wa mahakama ni shahidi mtaalamu, sio hakimu, kazi yake kusema mstari wa kwenye ramani unapita wapi pale chini na ukuta wako uko upande gani wa huo mstari, basi. Ardhi ni ya nani hiyo anaamua hakimu, akishaangalia hati, mauziano, mashahidi, na pengine hata miaka ambayo huo ukuta umesimama bila mtu kulalamika. Ila nisikudanganye, ripoti ya mtu aliyeteuliwa na mahakama yenyewe ina uzito mkubwa, ukikaa kimya itakumaliza.

Mimi ningeanza na swali moja tu, sarveya alianzia kupima wapi? Nilishawahi kuwa na mgogoro wa mpaka na hili nililiona kwa macho yangu. Tulifika, kila mtu ananyoosha kidole chake, mmoja anasema mti, mwingine anasema mtaro, mpima wala hakutusikiliza, alichukua nondo akawa anachoma udongo pole pole, anasogea hatua, anachoma tena, mpaka ikagonga kitu kigumu. Akachimba kwa mkono, karibu futi moja chini, kikatoka kipande cha zege na chuma katikati. Bikoni ya zamani, yaani ile alama ya kona ya kiwanja inayowekwa wakati wa kupima. Ndipo akafungua mashine yake. Kwa kawaida bikoni ya mwanzo ambayo haijahamishwa ndo inayoaminika kuliko hata urefu ulioandikwa kwenye karatasi, kwa hiyo kama sarveya wako alianzia kona aliyoonyeshwa na jirani bila kutafuta bikoni, anaweza kuwa amepima vizuri kabisa hadi sentimita na bado mpaka ukawa sio.

Pili, alitumia kifaa gani? Jipiesi (GPS, kifaa cha kuonyesha mahali ulipo) ya mkononi au ya simu inaweza kukosea mita 3 hadi 5 hata sehemu ya wazi, sasa mita 1.4 utaithibitishaje kwa kifaa hicho? Mashine za kipimo za kitaalamu zinafika sentimita chache. Ripoti nzuri inataja kifaa, inataja bikoni zilizopatikana na zilizokosekana, na ina mchoro. Isome mstari kwa mstari, usiishie ukurasa wa mwisho.

Kuhusu kutokuwepo, muulize kwanza wakili wako kama alipewa taarifa ya tarehe, maana wakati mwingine barua inafika kwake wewe hujui na hapo inakuwa ngumu kulalamika. Kama hakuna aliyepewa taarifa hiyo ni hoja nzito sana. Wakili apeleke pingamizi kwa maandishi ndani ya muda uliotolewa, aombe sarveya aitwe mahakamani ahojiwe, na kama majibu hayaridhishi aombe kipimo kirudiwe pande zote mkiwepo. Ukiweza tafuta na mpima wako mwenye leseni aikague ile ripoti. Ila wewe mwenyewe usimpigie simu sarveya wa mahakama, hata kama nia yako njema, jirani akijua utaonekana unamhonga.

Hela ya nusu lipa kama mahakama imeamuru. Mara nyingi anayeomba kipimo ndo anatanguliza, mara nyingine mnagawana, lakini hakimu anaweza kuja kuamuru aliyeshindwa abebe gharama, so tunza risiti.

Na leo hii kabla hujafanya chochote nenda kwenye kona za kiwanja chako ukapige picha kila kilichopo. Ukiona bikoni usiing'oe wala kuisogeza hata kidogo, kuhamisha alama ya mpaka ni kosa la jinai sehemu nyingi, na ndo ushahidi wako wenyewe huo.