Fotomikrografu si mikrofotografu

Swali: Shikamoo mwalimu. Nasoma stashahada ya maabara ya tiba, mwaka wa mwisho. Kwenye ripoti yangu ya utafiti nimeweka picha ya slaidi ya damu niliyoipiga kwa simu kupitia hadubini. Chini yake nikaandika kwa Kiingereza, maana yake: "Mikrofotografu ya Plasmodium falciparum, ×1000." Msimamizi wangu amelikata neno la kwanza kwa kalamu nyekundu, akaizungushia duara ile ×1000, na pembeni akaandika "Una hakika?" Basi, hakuna maelezo mengine. Nimewauliza wenzangu, kila mmoja ana lake. Kosa langu ni nini? Na kwa Kiswahili picha ya namna hii tuiiteje?

Jibu: Marahaba. Msimamizi wako yuko sahihi, ingawa angekusaidia zaidi kama asingeubania wino. Makosa ni mawili, na la pili ndilo zito. Tuanze na la kwanza kwa kuwa ndilo lililokusumbua.

Picha uliyoipiga ni fotomikrografu: picha ya kitu kidogo kilichokuzwa na hadubini hadi kikaonekana. Mikrofotografu ni kinyume chake kabisa. Hiyo ni picha ambayo yenyewe imefanywa ndogo mno, kiasi kwamba anayetaka kuiona ndiye anayehitaji hadubini. Kwa maneno yako mwenyewe, basi, umempiga picha kimelea wa malaria, ukaipunguza picha hiyo ikawa kama punje ya vumbi, halafu ukaibandika kwenye ripoti. Msimamizi aliposema "una hakika?" nadhani alikuwa anajizuia kucheka.

Ukitaka usisahau, tazama "mikro" imekaa na nani. Mikrografu ni taswira itokayo kwenye hadubini, na ukiitanguliza foto unasema taswira hiyo imenaswa kwa mwanga. Lakini ukiibandika mikro mbele ya fotografu, unakuwa umeipunguza fotografu yenyewe.

Usidhani mikrofotografu ni kitu cha kubuni. Mwaka 1839, mwaka uleule upigaji picha ulipotangazwa Ufaransa, fundi Mwingereza wa vifaa vya lenzi, John Benjamin Dancer, aliupiga picha waraka wa karibu sentimita 50 ukatoka na urefu wa milimita 3. Baadaye akawa anauza slaidi zenye vipicha vya aina hiyo, watu wakinunua kwa ajili ya kujifurahisha nyumbani na hadubini zao. Kisha ikaja kazi ya maana. Majeshi ya Ujerumani yalipoizingira Paris kuanzia Septemba 1870, barua hazikuweza kuingia mjini. Mpiga picha René Dagron akatoka kwa puto mwezi Novemba, na huko nje barua zikapigwa picha kwa udogo wa ajabu kwenye utando mwembamba. Utando ukaviringishwa ndani ya kijirija, kijirija kikafungwa kwenye unyoya wa mkia wa njiwa. Njiwa aliyefika salama alipokelewa, utando ukakuzwa ukutani kwa taa, na makarani wakaketi kunakili barua moja baada ya nyingine. Hiyo ndiyo mikrofotografu. Mjukuu wake ni mikrofilamu, ule utepe wa filamu wenye kurasa zilizopigwa picha kwa udogo. Mtafiti akienda Chuo Kikuu cha Syracuse kule Marekani kusoma nyaraka za Kumbukumbu za Taifa za Kenya, anachowekewa kwenye mashine ni mikrofilamu.

Fotomikrografu nayo ina ukoo wake. Katika miaka ya 1840 daktari Alfred Donné na mwanafizikia Léon Foucault walikuwa Paris wakinasa chembe za damu na majimaji mengine ya mwili kwenye bamba la fedha kupitia hadubini. Mwaka 1877 daktari Mjerumani Robert Koch akachapisha picha za bakteria. Hadi hapo wengi walikuwa wakichora kwa mkono, na mchoro, upende usipende, unabeba kile mchoraji anachoamini ameona. Koch ni yuleyule aliyekuja baadaye huku kwetu na kupiga kambi kwenye visiwa vya Sese, Ziwa Victoria, mwaka 1906 na 1907, akichunguza ugonjwa wa malale. Kwa hiyo ukitazama slaidi ya damu ukiwa kandokando ya ziwa lile, uko kwenye njia ambayo wengine walishaipita.

Sasa, mbona wenzako walikupa majibu yanayogongana? Nadhani si uzembe wao. Kwa Kijerumani na Kifaransa, neno lenye mikro mbele hutumika kila siku kwa picha zilizopigwa kupitia hadubini, na hakuna anayeshtuka. Msomaji wa Lubumbashi au Bukavu aliyesoma vitabu vya Kifaransa ataandika mikrofotografi na kwake hilo si kosa. Sisi tuliofundishwa sayansi kwa Kiingereza ndio tunaobanwa na mpaka huu, kwa sababu wahariri wa majarida ya Kiingereza wanaushikilia. Hata humo utaona makala zinazochanganya. Ripoti yako iko kwa Kiingereza, kwa hiyo fuata mpaka.

Ukiwa na wasiwasi, andika mikrografu tu. Neno hilo linabeba taswira ya hadubini yoyote ile, na kwa hadubini ya elektroni ndilo pekee linalofaa, kwani kule hakuna mwanga uliotumika, hivyo "foto" haina kazi. Ndiyo maana hata zile picha za virusi zenye rangi za kupendeza unazoziona kwenye mabango, rangi zimetiwa baadaye kwa kompyuta. Na ukipiga mbu mzima kwa lenzi ya karibu ya kamera, bila hadubini, hiyo ni makro. Tuiache hapo.

Kuhusu Kiswahili, wengi wetu tunasema "picha ya hadubini". Nami nilisema hivyo kwa miaka mingi mpaka siku mwanafunzi mmoja aliponiletea kazi yenye maelezo hayo, nikafungua, nikakuta picha nzuri ya hadubini yenyewe: mkono wake, meza yake, waya wake na soketi ukutani. Hakukosea hata kidogo. "Ya" ya Kiswahili haisemi kama hadubini ndiyo iliyopigwa au ndiyo iliyopiga. Tangu siku ile mimi huandika "picha ya kihadubini", au kama nafasi ipo, "picha iliyopigwa kwa hadubini". Na kwa ile mikrofotografu, Kiswahili kina dawa ambayo Kiingereza hakina: kile kiambishi cha ki-. Kipicha! Ukisema kipicha, kila mtu anaelewa kuwa kilichopungua ni picha, hakuna haja ya Kigiriki.

Kidogo tu pembeni: wapo wanaoita chombo hiki darubini, na kamusi zinawaruhusu. Mimi naiacha darubini kwa watazama mwezi na meli, maana asili yake ni Kiajemi, na "dur" humo ni mbali. Kilicho chini ya lenzi yako hakiko mbali. Maabara kwenyewe tunasema maikroskopu na maisha yanaendelea.

Haya, tuje kwenye ×1000. Najua ulivyoipata: lenzi ya chini imeandikwa 100, ya jicho imeandikwa 10, ukazidisha. Hesabu ni sahihi kwa jicho lako ulipokuwa umeinama kwenye hadubini. Lakini msomaji wa ripoti hajainama popote. Ameshika karatasi. Simu ina lenzi yake, wewe ulivuta kwa vidole kukuza, kisha ukaikata picha kingo, ukaipanua ijae upana wa ukurasa. Kila hatua imebadilisha ukuzaji, na ile ×1000 imebaki palepale ikidanganya.

Ipime mwenyewe sasa hivi. Chembe nyekundu ya damu ina kipenyo cha mikromita 7 hadi 8, tuseme 7.5 (mikromita elfu moja ni milimita moja). Chukua rula, pima chembe moja ya mviringo kwenye ripoti yako iliyochapishwa. Tuseme umepata milimita 15. Hizo ni mikromita 15,000. Gawanya kwa 7.5 unapata 2,000. Picha yako ni ×2000. Ukiionyesha kwa projekta siku ya utetezi na chembe ikawa na upana wa sentimita 30 ukutani, hapo umefika ×40,000, na bado maelezo yanasema elfu moja.

Nakuhurumia kwa sababu yalinikuta. Niliwahi kubandika bango kwenye mkutano mmoja wa kitaaluma, picha imekuzwa vizuri, chembe zina ukubwa wa sahani za chai, chini nimeandika ×1000 kwa herufi nono. Mzee mmoja akasimama mbele yake muda mrefu, nikadhani amevutiwa. Akatoa rula kwenye mfuko wa shati, akaiweka juu ya chembe: sentimita 9. Akanigeukia akaniuliza, kwa upole kabisa, mgonjwa yule alikuwa na chembe za mikromita 90? Nilitamani ardhi ipasuke.

Kinachotatua jambo hili ni mstari wa kipimo: mstari mfupi kwenye kona ya picha, wenye urefu unaojulikana, kwa damu mikromita 10 zinatosha. Uzuri wake ni kwamba umechorwa ndani ya picha. Picha ikipanuliwa, nao unapanuka, ikipunguzwa, unapungua. Haudanganyi hata kwenye bango.

Kuupata unahitaji slaidi ya kupimia, ile yenye rula ndogo ya milimita 1 iliyogawanywa mara 100, hivyo kila kigawanyo ni mikromita 10. Maabara nyingi zinayo, imefungiwa kabatini na funguo anayo mtu aliye likizo. Ukiipata, iweke kwenye hadubini ileile, lenzi ileile ya mafuta (ile ya 100, itumiayo tone la mafuta), na uipige kwa simu ileile ikiwa imefungwa kwenye kishikio chake. Hapo kwenye simu ndipo wengi wanapoharibu: ukivuta kwa vidole wakati wa slaidi ya damu na usivute wakati wa slaidi ya kupimia, kazi yote ni bure. Afadhali usivute kabisa.

Kisha fungua picha ya rula kwenye ImageJ, programu ya bure ya kupimia picha. Chora mstari juu ya vigawanyo vitano, yaani mikromita 50, uone ni pikseli ngapi. Tuseme 900. Basi kila mikromita ni pikseli 18, na mstari wako wa mikromita 10 ni pikseli 180. Iambie programu kipimo hicho, fungua picha ya damu kabla hujaikata wala kuipanua, na uiamuru ichore mstari. Halafu hakiki: chembe nyekundu itoke karibu pikseli 135. Ikitoka 60 au 300, umechanganya lenzi au umevuta simu. Rudia.

Slaidi ya kupimia ikikosekana kabisa, usibuni mstari. Andika lenzi uliyotumia na uishie hapo. Chembe nyekundu zilizomo kwenye picha zitampa mtazamaji makadirio. Ila usiige wale wanaochora mstari kwa kukisia chembe moja, halafu wanautumia mstari huohuo kupima chembe nyingine. Huko ni kujipima urefu kwa kivuli chako.

Na usihangaike kukuza zaidi ya kiasi ukidhani utaona zaidi. Mwanafizikia Mjerumani Ernst Abbe alishaonyesha mwaka 1873 kuwa mwanga wenyewe una kikomo. Kwa hadubini yako vitu viwili vilivyokaribiana chini ya takriban mikromita 0.2 vitaonekana kimoja. Ukipanua picha kupita hapo, unachopanua ni ukungu. Pete ya kimelea, yaani umbo lake kikiwa kichanga ndani ya chembe, itakuwa kubwa, sawa, lakini doa la kiini chake halitakuwa na jipya la kukwambia.

Maelezo ya picha yako ningeyaandika hivi, na wewe uyageuze Kiingereza ukikumbuka kuweka foto mbele:

*Kielelezo 2. Picha ya kihadubini ya damu iliyotandazwa kwa wembamba, ikionyesha Plasmodium falciparum katika hatua ya pete ndani ya chembe nyekundu. Rangi ya Giemsa. Lenzi ya ×100 ya mafuta. Mstari wa kipimo: mikromita 10.*

Ile ×100 hapo ni jina la lenzi, ndiyo maana inaruhusiwa kubaki. Msimamizi akiizungushia duara tena, mwonyeshe mstari.