Swichi ya Corolla inanizimia gari njiani, naweza kubadilisha mwenyewe nyumbani?

SWALI: Shikamoo fundi. Mimi ni msomaji wako niko Morogoro, nina duka la vifaa vya shule na gari yangu ni Corolla 110 ya otomatiki, nimeinunua mkononi kwa mtu. Kwa miezi kama miwili sasa nikiweka ON taa za dashibodi zinawaka, mara zinapotea zote, nikichezesha ufunguo zinarudi. Wiki iliyopita natoka Mikese jioni gari ikazima kabisa nikiwa kwenye mwendo, usukani ukawa mzito kama jiwe, nikautikisa ufunguo ikarudi yenyewe. Niliogopa sana kwa sababu nyuma kulikuwa na lori. Fundi wa kwanza kaniambia ninunue seti nzima, kitasa cha ufunguo pamoja na vya milango. Wa pili anasema anipigie dairekti, yani aunge waya moja kwa moja bila swichi, aweke kitufe cha kubonyeza, kazi ya nusu saa. Mdogo wangu ana bisibisi na spana na anajua kidogo mambo ya umeme. Je tunaweza kuifanya wenyewe hapa nyumbani? Ahsante.

JIBU: Marahaba binti yangu, na pole sana kwa hiyo ya Mikese. Kwanza kabla hata ya spana, usiende nayo safari tena mpaka itengenezwe, hata kama leo inawaka vizuri. Injini ikizima kwenye mwendo pampu ya usukani inasimama ndio maana ukawa mzito, na breki inabakiwa na msaada wa kukanyaga mara moja au mbili tu, baada ya hapo pedali inakuwa ngumu. Ikitokea tena kwa bahati mbaya, weka gia N, washa hazadi (taa za tahadhari), shika usukani kwa nguvu za mikono yote miwili, kanyaga breki mara moja na uishikilie, usipampu. Na usirudishe ufunguo mpaka LOCK (pale unapochomolea ufunguo) gari ikiwa inatembea maana usukani unaweza kujifunga.

Sasa tuje kwenye swali. Ndiyo mnaweza, na seti nzima huihitaji. Watu wengi wakisikia "swichi" wanafikiria pale unapochomeka ufunguo, kumbe pale kuna vitu viwili tofauti. Cha kwanza ni kitasa, chuma chenye meno yanayosoma ufunguo wako na kufunga usukani. Cha pili kiko upande wa nyuma wa kitasa, kidude cha plastiki chenye waya, na hicho ndicho swichi yenyewe ya umeme. Ukigeuza ufunguo kitasa kinazungusha hicho kidude, ndani yake vipande vya shaba vinagusana kupeleka umeme kwenye zile hatua za ufunguo: ACC (redio), ON (umeme wote) na START (kuwasha injini). Kwa ulivyoeleza, ufunguo wako unaingia na kugeuka bila shida, ila umeme unakatika. Yani kitasa ni kizima, kinachokufa ni plastiki. Unabadilisha plastiki peke yake, ufunguo wako unabaki ule ule, na milango haiguswi. Inaniuma kuona mtu anauziwa seti nzima kwa kitu kinachoshikwa na skrubu mbili.

Ila msikimbilie dukani kabla ya kupima, spea za umeme ukishazifungua wauzaji wengi hawarudishi. Anzeni na betri. Gari ikiwa imelala muda bila kuwashwa, maltimita (kipimo cha umeme) isome karibu volti 12.6, na wakati wa kupiga stata isishuke chini ya 9.6 hivi. Angalieni na vichwa vya betri kama vimelegea au vina ule unga mweupe, maana kichwa kilicholegea kinafanya vituko vile vile vya taa kupotea na kurudi.

Betri ikiwa safi, fanyeni jaribio hili hapo uani. Gia kwenye P, handibreki juu, matofali kwenye matairi, washeni injini. Mmoja ashike ufunguo autikise kidogo kidogo juu chini bila kuugeuza, mwingine aangalie dashibodi. Taa zikicheza au injini ikikata, sawa, mko karibu. Halafu muuache ufunguo, mtikise waya zinazotoka chini ya usukani peke yake bila kugusa ufunguo. Kama inakata kwa ufunguo tu basi ni swichi. Kama inakata kwa waya, ubaya uko kwenye soketi au waya wenyewe, na swichi mpya haitawasaidia kitu. Hapo ndipo watu wengi wanapotupa hela.

Kuna jambo jingine nalisema kwa ajili ya wasomaji wengine pia maana barua za aina hii nazipata sana: kama dashibodi inawaka vizuri muda wote, ila ukipiga stata unasikia "tik" moja halafu kimya, hiyo mara nyingi sio swichi. Ni betri, au vile vishaba vya ndani ya stata vimelika. Na kama ni otomatiki haitoi hata hiyo "tik", jaribu kuwashia kwenye N badala ya P. Ikiwaka kwenye N ujue tatizo ni kile kiswichi cha gia.

Haya, mmeshapima mmeona ni swichi. Chukueni namba ya chasisi, na ikiwezekana fungueni kava mpige picha ya swichi na ya soketi yake, maana Corolla za umbo moja unakuta soketi zinatofautiana. Mimi kati ya mpya ya bei chee isiyojulikana ilikotoka na ya mtumba iliyotoka kwenye gari la Japani ambayo imepimwa, nachukua ya mtumba. Ikipatikana jenuini mpya na mfuko unaruhusu, hiyo ndio yenyewe.

Kazi yenyewe inaanza kwenye betri. Spana namba 10, fungua kichwa cha NEGATIVU, kisogeze mbali kisije kikarudi kugusa. Usiache hatua hii kwa sababu waya mnene unaoingia kwenye swichi una umeme wa betri muda wote hata ufunguo ukiwa mfukoni, bisibisi ikigusa bodi hapo ni shoti. Na kama usukani wako una eabegi, Toyota wanataka usubiri angalau sekunde 90 baada ya kutoa betri, mimi nasubiri dakika kumi, nakunywa maji kwanza. Waya zenye soketi za rangi ya NJANO ni za eabegi, msizichomoe, msizipime na maltimita. Usukani wenyewe hautolewi kwa kazi hii, mtu akiwaambia lazima atoe usukani mwambieni asubiri.

Shusha usukani mpaka chini kabisa kwa ile lever yake. Chini ya kava ya plastiki utaona skrubu za nyota, kawaida tatu, zifungue kisha achanisha kava taratibu kwa vidole, usitumie bisibisi kubandua maana plastiki za umri huo zinavunjika kama chapati kavu. Mulika na tochi. Ufunguo uko kulia, sasa fuata kitasa mpaka upande wake wa pili, utaiona plastiki nyeupe au nyeusi yenye waya nene. Inashikwa na skrubu mbili ndogo. Hapa ndio pagumu kidogo, nafasi ni finyu, tumia bisibisi fupi ya nyota inayokaa SAWASAWA kwenye kichwa cha skrubu, ukandamize kwanza halafu ndio ugeuze. Zikilika vichwa umejitafutia kazi ya siku nzima. Na uweke kitambaa chini, skrubu ikidondokea kwenye kapeti na kupotelea chini ya kiti mtaisaka mpaka magharibi.

Kabla ya kuitoa, ufunguo uwe LOCK, au utoe kabisa. Swichi ikitoka utaona kwenye kitasa kuna ulimi na kwenye swichi kuna tundu lake. Mpya nayo iwe kwenye LOCK ndio iingie. Ikiwa imepishana haitakaa vizuri, au itakaa halafu unaweka ON gari inaelewa ACC. Usiilazimishe na skrubu. Fuata waya mpaka kwenye soketi, bonyeza kile kikucha ndipo uvute, vuta soketi sio waya.

Sasa simama hapo uiangalie soketi ya upande wa gari, usiwe na haraka. Kama kuna tundu limegeuka kahawia, plastiki imeyeyuka, au pini imelegea, hiyo nayo ibadilishwe, la sivyo swichi mpya itaungua kama ya kwanza. Na ujiulize imeungua kwa nini. Binti yangu hukuniambia kama gari lako lina mziki mkubwa, ila gari ya kununua mkononi mara nyingi ina mambo, mtu kafunga amplifaya au taa za ziada kwa kudandia waya wa swichi. Swichi haikutengenezewa mzigo huo. Ukikuta waya wa kudandiwa umezungushiwa selotepu, utoe, kifaa hicho kipewe waya wake kutoka kwenye betri wenye fyuzi na rilei (kiswichi kinachobeba umeme mkubwa badala ya swichi ya ufunguo). Stata iliyochoka nayo inachangia, kwenye gari za zamani zisizo na rilei ya stata umeme wa kuivuta unapita humo humo ndani ya swichi.

Rudisha skrubu, chomeka soketi mpaka isikike "tak", na kabla ya kava geuza ufunguo hatua zote bila betri. Kutoka START uachie, urudi ON WENYEWE. Usiporudi usiwashe gari kwanza, maana stata itabaki inazunguka injini ikiwa imeshawaka na itakufa. Ukirudi vizuri, rudisha kichwa cha betri, jaribu ACC redio iwake, ON taa zote ziwake na ile ya eabegi izime baada ya sekunde chache, washa, angalia feni ya AC inarudi baada ya stata. Rudia jaribio la kutikisa ufunguo. Iache iungurume dakika ishirini halafu shika soketi, vuguvugu ni sawa, ya kuunguza mkono si sawa. Ndipo ufunge kava.

Kuhusu huyo wa dairekti, nakuomba sana usikubali. Niliwahi kuletewa gari iliyofungwa kitufe namna hiyo, waya mwembamba umetolewa kwenye betri hauna fyuzi, umepita juu ya chuma cha dashibodi mpaka umechubuka, kapeti ilishaanza kuungua na mtoto alikuwa amelala kiti cha nyuma. Mpaka leo nikisikia neno dairekti namkumbuka yule mtoto. Isitoshe gari la hivyo linaibika kirahisi.

La mwisho kwako: punguza funguo. Mwenye duka najua, za makufuli ya duka, za nyumbani, za stoo, zote kwenye pete moja zinaning'inia kwenye swichi na barabara yenye matuta. Marekani mwaka 2014 General Motors waliita magari kama milioni 2.6, Chevrolet Cobalt na Saturn Ion yakiwemo, kwa sababu swichi zao zilikuwa laini mno, ufunguo unateleza wenyewe kutoka ON kwenda ACC gari likiwa kwenye mwendo, injini inazima na eabegi zinakuwa hazina umeme wa kufunguka. Mfuko wa fidia ulikubali madai ya vifo 124. Wakati spea zinasubiriwa wenye magari waliambiwa watoe kila kitu kwenye pete, ubaki ufunguo wa gari peke yake. Corolla yako sio hizo, ila uzito ni uzito, unakula kitasa na swichi polepole. Ukimaliza niandikie, nataka kujua umefika salama.

SWALI: Fundi mambo, ufunguo wangu wa Noah asubuhi unagoma kugeuka kabisa, baadae unakubali. Nimepuliza oili ya injini lakini naona ndio inazidi. Nibadilishe swichi? Msomaji, Tabata.

JIBU: Poa ndugu yangu. Hapana, wewe ubaya ni kitasa sio swichi. Asubuhi ukikuta umegoma, chezesha usukani kulia kushoto huku unageuza ufunguo taratibu bila nguvu, mara nyingi ni ile komeo ya usukani imebanwa kwa sababu ulipaki matairi yamekata kona. Oili acha kabisa, inashika vumbi ndani inakuwa tope. Pulizia kisafishio cha umeme kinachokauka, kisha unga wa grafaiti, hata wa risasi ya penseli uliosagwa laini unafaa. Jaribu na ufunguo wa akiba pia, kama ule unageuka basi huu umelika meno, chonga mpya kutoka kwenye ule wa akiba sio kutoka kwenye huu.

SWALI: Assalam aleikum. Gari yangu ni ya kubonyeza, haina pa kuchomeka ufunguo. Jana imekataa kuwaka, inasema ufunguo haupo na ninao mkononi. Swichi imeharibika? Mama wawili, Mombasa.

JIBU: Waaleikum salaam mama. Usinunue kitu bado. Inawezekana kabisa ni kile kibetri kidogo cha ndani ya rimoti kimekwisha. Kanyaga breki, shika rimoti uigusishe kwenye kitufe cha kuwashia, kwa Toyota ule upande wenye nembo, ikilia bonyeza kitufe na gari itawaka. Mlango nao una ufunguo wa chuma umefichwa ndani ya rimoti hiyo hiyo, kuna kikucha pembeni cha kuuchomolea. Kibetri soma namba iliyoandikwa juu yake, CR2032 au nyingine, ununue namba hiyo hiyo.