Mwezi wa Zuhura ungefaa ufundishwe

Mhariri, wiki hii mmetuuliza: kosa gani la wanasayansi lingefaa kufundishwa shuleni, na kwa nini? Mimi ni mwalimu wa fizikia, nafundisha Temeke, na jibu langu ninalo siku nyingi. Ni mwezi wa sayari ya Zuhura.

Zuhura haina mwezi. Vitabu vinalisema hilo kwa mstari mmoja, mwanafunzi anaukariri, mtihani unapita. Hawaambiwi kwamba kwa zaidi ya miaka 200 watu wa maana, wenye darubini bora za zama zao, waliuona mwezi huo, wakaukokotolea njia yake angani, na mwishowe wakaupa jina.

Giovanni Domenico Cassini, yule aliyegundua miezi minne ya Zohali, aliona kitu kidogo pembeni ya Zuhura mwaka 1672, nacho kilikuwa na umbo la hilali kama Zuhura yenyewe. Hakukimbilia kutangaza. Mwaka 1686 akakiona tena. Mwaka 1740 James Short, fundi mashuhuri wa darubini, akakiona akiwa London. Akajaribu na darubini nyingine, kikawa bado kipo. Mwaka 1761, Zuhura ilipopita mbele ya Jua na Ulaya nzima ikawa imekodoa macho, mashahidi wakazidi. Johann Heinrich Lambert akapiga hesabu, akapata kwamba mwezi huo unaizunguka Zuhura kwa takribani siku 11. Mfalme Frederick II wa Prussia alitaka uitwe kwa jina la rafiki yake, mwanahisabati D'Alembert. D'Alembert akashukuru, akakataa.

Hapa ndipo wanafunzi wangu huuliza: kwa hiyo walidanganya? Hapana. Hawa walikuwa wakweli, na ndiyo maana nalipenda kosa lao. Kumfundisha mtoto kwamba mwongo hukosea ni kazi nyepesi. Kazi ni kumfundisha kwamba mkweli naye hukosea, akiwa na akili zake timamu na jicho kwenye lenzi.

Nililijua hilo kabla sijamjua Cassini. Nilikuwa na miaka kumi na moja, jioni ya tarehe 29 Shaaban, watu wamejaa juu ya paa la jirani pale Magomeni wakiutafuta mwezi mwandamo. Nikapiga kelele: nimeuona! Mzee mmoja akanishika bega, akaniuliza polepole. Juu ya nyumba ipi? Pembe zake zimeelekea wapi? Nikajibu umesimama wima. Akasema, mwanangu, mwezi mchanga wa huku kwetu hulala chali kama mtumbwi, tazama tena. Nilipotazama, ilikuwa ncha ya wingu iliyoshika mwanga wa magharibi. Hakuniita mwongo, wala hakuna aliyecheka. Kila Ramadhani tunasikia mabishano ya nani kauona na kauonea wapi, na watu huyaona kama aibu. Mimi naona humo mna elimu kubwa ya ushahidi, na inasikitisha kwamba darasani hatuitumii.

Maana maswali ya yule mzee ndiyo aliyoyauliza Maximilian Hell, mkuu wa kituo cha falaki cha Vienna, mwaka 1766. Hakuuliza nani kaona, aliuliza kilionekanaje. Zuhura inang'aa mno. Mwanga wake ukiingia kwenye darubini hugonga jicho la mtazamaji, sehemu ndogo hurudi kwenye lenzi, kisha hurejea tena jichoni ikiwa taswira ya pili, hafifu na ndogo. Ndiyo maana "mwezi" ule ulikuwa na umbo lile lile la Zuhura: ilikuwa Zuhura yenyewe.

Haya nimeyaona kwa macho yangu. Tunayo darubini ndogo ya msaada, mguu mmoja umefungwa kwa mpira wa baiskeli. Jioni moja, Zuhura ikiwa juu ya miembe upande wa magharibi, msichana wa kidato cha pili aliinama, akatulia, kisha akasema kwa sauti ya chini: mwalimu, ina mtoto. Wenzake wakasukumana. Watatu wakakiona pia. Sikuwaambia kitu. Nilimwomba asukume darubini kidogo tu, upande mmoja, huku akiangalia. Zuhura ikateleza upande mmoja, "mtoto" akateleza upande wa pili. Nyota ya kweli ingekwenda pamoja nayo. Akarudia mara nne, mdomo wazi, halafu akaomba daftari.

Lakini maelezo ya Hell hayakumaliza kesi. Mwaka 1884 Jean-Charles Houzeau, aliyekuwa mkuu wa kituo cha falaki cha Brussels, alisema huenda kitu kile si mwezi bali sayari ndogo inayolizunguka Jua kwa siku 283 na kukaribiana na Zuhura mara moja moja. Akaiita Neith, mungu wa kike wa Misri ya kale ambaye, kwa masimulizi, hakuna binadamu aliyewahi kulifunua shela lake. Jina zuri sana kwa kitu kisichokuwepo. Miaka mitatu baadaye, hapo hapo Ubelgiji, Paul Stroobant alizikusanya taarifa zote na kuzilinganisha na ramani za nyota, tarehe kwa tarehe. Kadhaa zilikuwa nyota za kawaida zilizokuwa jirani na Zuhura usiku ule.

Na mwezi wa kubuni usipopata mtu wa kuuhoji hivyo, hauondoki. Mwaka 1898 Georg Waltemath wa Hamburg alidai Dunia ina mwezi wa pili. Wanasayansi hawakuupata. Mwaka 1918 mpiga nyota Mwingereza aliyejiita Sepharial akauchukua, akauita Lilith, akaanza kuutumia kusomea watu bahati zao.

Nisidhaniwe nasema ya kale tu. Mwaka 1974 chombo cha Mariner 10 kilipokaribia Utaridi kilinasa mionzi ambayo haikutarajiwa, na kwa siku chache wataalamu walifikiri Utaridi ina mwezi. Ilikuwa nyota ya mbali.

Ningeomba basi, pale kitabu kinaposema Zuhura haina mwezi, ziongezwe kurasa mbili: michoro, tarehe, hoja ya Hell, kazi ya Stroobant. Na zoezi moja la darubini, kwa shule iliyonayo.

Yule msichana alirudi kesho yake. Safari hii akaona nukta nyingine karibu na Zuhura. Akasukuma darubini mwenyewe kabla sijasema. Nukta ikaenda pamoja na Zuhura. Akanitazama, akaandika tarehe na saa, akachora nukta ilipo. Jioni iliyofuata Zuhura ilikuwa imesogea, nukta imebaki pale pale katikati ya nyota wenzake. Chini ya mchoro akaandika: "Si mtoto wake. Ni jirani."