Mwanangu, kabla hamjasaini miaka ishirini

Mpwapwa

Mwanangu mpendwa,

Mbukwa. Hapa nyumbani wote wazima, baba yako anakusalimu, anauliza mjukuu kama bado anakohoa.

Ujumbe wako nimeupata na nimeunakili kwenye daftari, maana mambo ya pesa siwezi kuyasoma kwenye simu nikayaelewa. Unasema benki imekubali kuwakopesha wewe na mumeo milioni 60, riba asilimia 15 kwa mwaka, miaka 20, mtoe na akiba yenu milioni 10 mnunue ile nyumba ya Iyumbu, hapo Dodoma, ya milioni 70. Rejesho ni kama 790,000 kwa mwezi. Kodi ya nyumba mnayopanga Ilazo ni 350,000 kwa mwezi. Mumeo anasema bora kulipia chako kuliko kumtajirisha mwenye nyumba. Wewe unataka kujua nyumba hiyo itawagharimu shilingi ngapi hasa hadi iwe yenu, na kama mimi ningesaini.

Shangazi yako najua keshakwambia "kukopa harusi, kulipa matanga". Mpuuze. Wapo watu wa mji huo ambao wasingekuwa na nyumba bila mkopo wa aina moja au nyingine, na mimi nimeshika vitabu vya hesabu vya halmashauri hadi nastaafu. Sikuwahi kuona deni likimuumiza mtu kwa sababu tu ni deni. Linaloumiza ni lile ambalo mtu hakulipigia hesabu hadi mwisho.

Basi tulipigie. Rejesho lenu kamili ni 790,074. Zidisha kwa miezi 240. Unapata milioni 189 na laki sita. Mmekopa 60, mnarudisha karibu 190. Riba peke yake ni milioni 129 na ushei, yaani nyumba mbili za thamani ya huo mkopo mnamjengea mwenye pesa ndipo na ninyi mpate ya kwenu. Ongeza ile milioni 10 yenu, nyumba ya milioni 70 imefika milioni 200. Hapo hatujagusa ada ya mkopo, ya mthamini, ya mwanasheria, ushuru wa stempu, bima ya mkopo na bima ya moto. Waulize kila moja ni shilingi ngapi na inalipwa lini, maana kila asilimia moja ya milioni 60 ni laki sita, na nyingine hukatwa kwenye mkopo kabla hata muuzaji hajalipwa, mkajikuta mnapelea siku ya mwisho.

Lakini jumla hiyo ya kutisha si jambo kubwa kuliko yote. Kubwa ni namna pesa inavyogawanyika mwezi hadi mwezi, na hapa nataka usome taratibu.

Benki inachaji riba kwenye deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 60 zote. Asilimia 15 kwa mwaka ni asilimia 1.25 kwa mwezi, kwa hiyo riba ya mwezi huo ni 750,000. Ninyi mmelipa 790,074. Kilichopunguza deni ni 40,074. Elfu arobaini! Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, riba nayo inapungua kidogo, kwa hiyo kinachoingia kwenye deni kinaongezeka kwa kama shilingi mia tano. Mwezi wa tatu hivyo hivyo. Mwisho wa mwaka wa kwanza mtakuwa mmelipa kama milioni 9 na laki tano, na deni limeshuka kwa laki tano na elfu kumi na tano tu. Baada ya miaka mitano mmelipa milioni 47, mnadaiwa bado milioni 56 na nusu. Miaka kumi, katikati ya safari, mmetoa karibu milioni 95, na deni bado ni karibu milioni 49. Nusu ya deni mtaifikia mwaka wa 16.

Niliwahi kukaa na mwenzangu wa kazini mezani kwangu na taarifa yake ya mkopo. Alitaka kuuza nyumba ahamie kwa mwanawe, akaenda kuuliza anadaiwa kiasi gani, akarudi analia kwamba benki imemwibia. Tulichukua rula tukashuka nayo mstari kwa mstari: safu ya rejesho, safu ya riba, safu ya deni la msingi, yaani kile kilichopunguza deni, na safu ya salio. Hakuna aliyemwibia. Kila mstari ulikuwa sahihi hadi senti. Ila ile safu ya deni la msingi hakuwahi kuonyeshwa na mtu, wala hakuwahi kuiulizia, miaka yote aliyokatwa. Kwa hiyo jambo la kwanza kudai benki ni ratiba ya marejesho yote 240, imechapishwa. Wanayo. Ni kompyuta tu inaitoa.

Sasa hoja ya mumeo. Kodi ya Ilazo kwa mwaka ni milioni 4 na laki mbili. Riba ya mwaka wa kwanza wa mkopo ni karibu milioni 9. Pesa inayokwenda moja kwa moja bila kurudi, ambayo ndiyo anayoilalamikia kwa mwenye nyumba, itakuwa zaidi ya maradufu kwa benki. Kwa hiyo asiseme mnaacha kumlipa mtu mwingine; mnabadilisha tu wa kumlipa, na huyu mpya ni ghali zaidi kwa miaka mingi ya mwanzo.

Ila nimtendee haki mkwe wangu, hoja yake ina uzito upande mwingine. Kodi hupanda, na mwenye nyumba anaweza kuwaambia mhame mtoto akiwa katikati ya muhula. Bei ya ardhi Dodoma mmeiona wenyewe tangu serikali ilipoanza kuhamia mwaka 2016. Mtu aliyesubiri Iyumbu au Nzuguni ishuke bado anasubiri. Tena shilingi ya mwaka wa 20 haitakuwa shilingi ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 3 tu kwa mwaka, lile rejesho la 790,000 siku ya mwisho litanunua kitu cha 437,000 za leo, na mishahara yenu natumaini haitakuwa ya leo. Ndiyo maana siwezi kusema milioni 189 zimepotea zote. Nasema zijulikane.

Umeuliza pia kwa nini Benki Kuu inatangaza riba ya asilimia tano na kitu, ninyi mnatozwa 15. Ile ni riba elekezi, ilianza kutumika Januari 2024 ikiwa asilimia 5.5, na ni ya mambo ya Benki Kuu na mabenki. Haimfikii moja kwa moja mkopaji wa Ilazo. Benki inachukua amana za watu wanaoweza kuja kuzidai kesho, inawakopesha ninyi miaka 20, na inaweka kwenye riba kila hatari inayoiona humo. Hata ile kampuni ya TMRC ilianzishwa mwaka 2010 ili mabenki yapate pesa ya muda mrefu ya kukopeshea nyumba. Imesaidia miaka ya mikopo irefuke. Na urefu huo ndio ninaouogopa mimi.

Tazama. Mkopo huo huo, riba hiyo hiyo, mkichukua miaka 25, rejesho linakuwa 768,500. Mmepunguziwa elfu ishirini na moja na mia tano kwa mwezi, pesa ya vocha na nyanya. Jumla mnayolipa inapanda hadi milioni 230 na nusu. Kwa ahueni ya elfu ishirini mnatoa milioni 40 zaidi. Geuza upande wa pili: miaka 15, rejesho ni 839,752, jumla milioni 151. Mnaongeza kama elfu hamsini kwa mwezi, mnaokoa milioni 38 na mnamaliza miaka mitano mapema, mtoto akiwa sekondari. Ofisa wa mkopo hatakuambia hivi kwa sababu hujamuuliza. Atakuuliza "mnamudu rejesho la shilingi ngapi?" na yeye arefushe miaka hadi liingie kwenye mishahara yenu, theluthi ibaki, afunge faili.

Jibu langu basi: ningesaini, lakini miaka 15. Miaka 20 hapana.

Najua utasema, mama, si tuchukue 20 halafu tuwe tunaongeza laki moja kila mwezi wenyewe? Kwa hesabu ni wazo zuri kupita langu: laki moja hiyo ingemaliza deni kwa miaka 12 na miezi mitano na kuwaachia milioni 57. Na mwezi mbaya mngeruhusiwa kuiacha. Lakini nawajua. Januari kuna ada, Juni kuna harusi ya binamu, Septemba kuna kamati nyingine ya harusi na wewe ndiye mweka hazina. Ile laki mtaitoa miezi minne, halafu itapata kazi nyingine. Makato ya lazima hayachangii harusi ya mtu.

Pesa ya ziada ikija kwa mkupuo, hiyo ndiyo ipelekeni kwenye deni, na ipelekeni mapema. Sema mumeo amelipwa malimbikizo yake mwisho wa mwaka wa kwanza, mkatia milioni 5. Kwenye mkopo wa miaka 15 hiyo inafuta karibu miezi 38 ya marejesho, kama milioni 31 na laki nane. Milioni 5 hizo hizo mkizitia mwisho wa mwaka wa 12 zinafuta miezi tisa tu pungufu kidogo, kama milioni 7 na nusu. Pesa ni ile ile. Ya kwanza imekuta deni kubwa ikalizuia kuzaa miaka 14. Ya pili imekuta mtoto wa deni keshazaliwa na keshalipwa.

Hapo kuna vipengele viwili lazima viwe kwenye mkataba kwa maandishi, si kwa mdomo wa ofisa. Kama kuna faini ya kulipa kabla ya muda, ni kiasi gani na inaisha mwaka gani. Na mkilipa ziada, benki ifupishe miaka na kuacha rejesho lilivyo. Benki nyingine hufanya kinyume, inapunguza rejesho na kuacha miaka, na hapo mmepoteza sehemu kubwa ya faida bila kujua.

Riba yenyewe kama inabadilika, ulizeni inabadilishwa kwa kufuata nini na mara ngapi. Ikipanda kutoka 15 hadi 17, rejesho la mkopo wa miaka 20 linapanda kutoka 790,000 hadi 880,000. Kama elfu tisini ikiongezeka mwezi ujao mtashindwa kununua unga, basi nyumba hiyo ni kubwa kwenu.

Akija mtu na mkopo wa "asilimia 10 tu", muulize inapigwa kwenye salio au kwenye mkopo wote wa mwanzo hadi mwisho. Milioni 10 kwa miaka mitano, asilimia 10 inayopigwa kwenye mkopo wote, ukiigeuza kwa hesabu ya salio ni zaidi ya asilimia 17.

Kuhusu nyumba yenyewe: hati ikaguliwe kwa Msajili wa Hati kabla ya chochote. Kama ni ya enzi za CDA, ile Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu iliyokuwa ikigawa viwanja Dodoma, tazama muda wa umiliki ulioandikwa; zile za zamani zilikuwa za miaka 33, na ni baada ya CDA kuvunjwa mwaka 2017 ndipo ikaja miaka 99. Muuzaji kama ana mke, ridhaa yake iwe kwa maandishi, na ninyi wawili nanyi mtasaini ridhaa kwa benki. Iwe kweli mmesomeana mkataba, asisaini mmoja huku anaangalia mpira. Halafu kuna matumizi ambayo kwa sasa ni ya mwenye nyumba wa Ilazo: kodi ya ardhi, kodi ya majengo inayokatwa kwenye LUKU, tangi la maji, bati likivuja, rangi. Na nauli ya kwenda Mtumba, kwenye Mji wa Serikali, kila siku kutoka huko Iyumbu, hiyo hukuitaja kabisa.

Kujenga polepole sijakuandikia kwa sababu hukuuliza, na kwa sababu nimeona maboma ya watu yanaota miti ndani huku wakiendelea kulipa kodi mjini. Lakini kama mumeo ana kiwanja kilichopimwa kama alivyowahi kudokeza, hiyo ni hesabu nyingine. Aniambie kimepimwa au "kipo kwenye upimaji".

Nitumie picha ya barua ya ofa, kurasa zote, hasa ile yenye maandishi madogo. Jumamosi nakuja na basi la asubuhi twende Iyumbu wote watatu. Hadi hapo msimpe dalali hata shilingi.

Mama yako